Siku Muuza Sahani Aliposukuma Mkokoteni

Siku yangu ya kwanza kazini nilivaa viatu vya visigino, na kabla ya saa sita mchana nilikuwa nimeshavijutia. Mratibu wa Elimu ya Wafanyakazi, mwanamume mrefu asiyecheka ovyo, alinikabidhi boksi la chaki na muhtasari wa somo la siasa. "Binti, umepangiwa wachukuzi wa Kariakoo," akasema. "Waliokutangulia wote waliomba uhamisho." Nilikuwa nimetoka chuoni na Umaksi kichwani, mzima mzima, haujabishiwa na mtu.

Darasa letu lilikuwa ghala tupu nyuma ya soko. Saa kumi jioni, malori yakishashushwa mizigo, wachukuzi wapatao thelathini walikaa juu ya magunia pamoja na Bi. Tatu, mama lishe aliyewapikia. Tulianza na dialektiki, yaani kukitazama kila kitu kikiwa katika mwendo na mvutano, si kama picha iliyotundikwa ukutani. Nikaeleza jinsi wingi unavyogeuza hali: maji yanapata moto kidogo kidogo, huoni kitu, halafu ghafla yanachemka.

"Mwalimu," akasema Bi. Tatu, "hayo mimi nayafanya kila siku. Sikujua tu kama yana jina."

Wakacheka, nami nikacheka. Tangu siku hiyo nilianza kila somo kwa kuuliza, ndipo nifundishe.

Tulipofika kwenye ukinzani, yaani pande mbili zinazovutana huku kila upande ukiishi kwa sababu ya mwenzake, mtaa mzima ulikuwa kwenye ugomvi. Wenye maduka walikuwa wametoa meza zao mpaka barabarani. Mikokoteni ikakosa njia, vyombo vikavunjika, watu wakashikana mashati. Wenye maduka wakaandika barua ya kuiomba serikali ipige marufuku mikokoteni. Wachukuzi nao wakaapa kugoma. Mmoja wao, Pazi, mtu mpole mwenye sauti nzito, akanyoosha mkono.

"Mwalimu, huu ukinzani unaotufundisha ni wa kitabuni au ni huu wetu? Maana mtaa ukifungwa, nina watoto wanne na sina kazi."

Nikaenda kwa Mratibu kuomba ruhusa ya kuwaalika wenye maduka darasani.

"Fundisha kilichomo kwenye muhtasari," akasema bila kuinua macho. "Mambo ya soko usiyaguse."

Niliogopa, sitaficha. Nilikuwa bado kwenye miezi ya majaribio, na karatasi moja tu ingeniondoa kazini. Lakini ningesimamaje tena mbele ya Pazi? Kesho yake nikapita duka kwa duka nikialika. Akaja mmoja tu, Bwana Mushi, mtu wa Kilimanjaro, muuza sahani kwa jumla, ambaye ile barua aliiandika kwa mkono wake.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Nimekuja kusikiliza, si kufundishwa."

"Leo hakuna mhadhara," nikamwambia. "Leo kila mtu anafanya kazi ya mwenzake."

Alinuna, lakini darasa zima lilikuwa linamtazama, akaona haya kukataa. Pazi akaingia dukani kwa Bwana Mushi kuuza. Bwana Mushi akavua koti, akapewa mkokoteni uliojaa maboksi ya sahani zake mwenyewe. Akausukuma vizuri mpaka katikati ya mtaa, kisha gurudumu likakwama. Akavuta, akasukuma, jasho likamtoka. Kutoka ndani ya duka Pazi akapiga kelele, "Mzigo uko wapi? Wateja wanaondoka!"

"Nitapitaje?" Bwana Mushi akafoka. "Nani kaweka meza hapa?"

Bi. Tatu ndiye aliyemjibu, tena kwa heshima zote: "Ya kwako hiyo, baba."

Bwana Mushi aliitazama ile meza, akaanza kucheka mpaka akaegemea mkokoteni. Jioni hiyohiyo wakakubaliana: meza zikae ndani mpaka mizigo ya asubuhi iishe, na mikokoteni isiegeshwe mbele ya milango mchana. Ile barua, ambayo ilikuwa bado haijapelekwa, aliichana mwenyewe.

Mratibu aliniita. "Nilikwambia usiguse."

"Ndugu Mratibu, niligusa meza tu."

Midomo ilimcheza, lakini barua ya uhamisho aliitia saini. Nikaenda Buguruni, nikafundisha mafundi magari kwa miaka mingi, na sikujuta hata siku moja.

Baadaye siasa iliondolewa kwenye mitaala, nikafundisha uraia, mwishoni hata ujasiriamali. Niliwaahidi wanafunzi wangu kwamba matabaka yatakwisha kabla sijastaafu. Nilikosea, na ninawaambia vijana hivyo bila aibu. Kilichonibakia ni mazoea ya kuuliza.

Binti yangu sasa ana duka la vitenge Kariakoo. Juzi nilimkuta ameketi, na msaidizi wake, Rehema, mwanamke wa makamo, amesimama tangu asubuhi.

"Mama, usinitazame hivyo," binti yangu akasema. "Kwani mimi ni bepari?"

"Bado uko kwenye mchakato," nikamjibu. "Rehema anakaa wapi?"

Alicheka. Jana nilipopita, nyuma ya kaunta kulikuwa na viti viwili, na Rehema amekaa anakunja vitenge. Nikawasalimia, nikachagua doti moja, nikaondoka bila kutoa hotuba. Kwa mwalimu wa siasa, hiyo si kazi ndogo.