Dakika Yangu Moja na Mwandishi wa Kijapani

Jamani, chekeni taratibu, maana hadi leo nikipita karibu na maktaba ile ya Scarborough masikio yananiwaka moto kwa aibu.

Kuna mwandishi mmoja wa riwaya, mama wa Kijapani, ambaye kwa miaka mingi alifua mashuka ya hospitali huko kwao, akiandika jikoni alfajiri kabla ya zamu. Mimi nafua mashuka kwenye nyumba ya wazee hapa Toronto, basi nilipoisoma riwaya yake ya wafuaji (kwa Kiingereza, ndani ya basi, hadi nikapitiliza kituo) nikaapa kwamba nitaitafsiri kwa Kiswahili, digrii sina lakini nitaitafsiri, na ruhusa nitaiomba kwake mwenyewe. Niliposikia anakuja maktabani nikabadilishana zamu, nikamchukua na Mama, tukakaa mstari wa mbele.

Kwenye maswali tukaambiwa kila mtu dakika moja. Nikanyoosha mkono, nikapewa maiki. Sasa mtu umelelewa Tabora, utashika maiki uanze na swali tu kama polisi? Nikaamua nisalimie kidogo. Hicho kidogo ndicho kilichoniponza! Nikamsalimia mgeni, nikawasalimia wenyeji, nikampa pole ya safari, nikamshukuru Mungu aliyemfikisha salama (mkalimani maskini anatafsiri yote, jasho linamtoka), kisha nikasema, "Na huyu ni mama yangu mzazi. Mama, simama wakuone."

Mama akasimama, akapiga kigelegele. Mwandishi naye akainuka, akainama kwa heshima. Mama akainama. Mwandishi akainama zaidi. Mama akaona hawezi kushindwa adabu na mgeni, akashuka chini kabisa, mgongo ukagoma kurudi, mimi kumdaka kiuno maiki ikagonga kiti ikapiga mluzi, ukumbi mzima ukashika mbavu. Msimamizi akaichukua maiki yake: "Asante, dada, muda umekwisha."

Na swali sijauliza!

"Twende zetu, mwanangu," Mama akaninong'oneza, "tumeshachekwa vya kutosha."

"Mama, siondoki."

Nikapanga foleni ya kusainiwa vitabu, watu wananitazama huku wakijikaza wasicheke, na nilipofika mezani nikalipua bila hata habari za leo: "Naomba ruhusa nitafsiri kitabu chako kwa Kiswahili!"

Mwandishi akanitazama, akasema jambo, mkalimani akacheka. "Anauliza, mbona safari hii hujamsalimia? Na mama yako mgongo umepoa?"

Nilitamani ardhi ipasuke. Nikasalimia upya, nikajibu ya mgongo, na nikabaki palepale nikisubiri jibu langu. Akasema ruhusa rasmi wanatoa wachapishaji wake, nao atawaambia yeye mwenyewe, ila nianze, anataka kusikia wafuaji wake wanavyogombana kwa Kiswahili.

Basi naandika jikoni, alfajiri, kabla ya zamu. Na nimeapa, nikishika maiki tena naanza na swali, salamu baadaye, na Mama atapungia watu mkono akiwa amekaa.