Mbah Atmo Anafunga Lango

Mbah Atmo alianza kumshuku yule binti siku alipomwona akiandika.

Ilikuwa Jumamosi, saa tatu asubuhi. Binti alikuja na watu kumi na wawili nyuma yake, akawapitisha uani kwa mzee kama kila mtu apitavyo. Akasimama kati ya baraza, lile banda la nguzo lisilo na kuta, na nyumba ya kulala, akanyoosha mkono kwenye nguzo, kisha akatoa kidaftari. Akaandika kitu, akakirudisha mkobani haraka. Mtu anayeandika haraka ana analoficha. Ndivyo alivyoona Mbah Atmo, ambaye mwenyewe hakujua kuandika. Miaka hamsini alikuwa mfua fedha, akigonga majani na maua kwenye sinia za watu, na nyundo haihitaji herufi.

Binti aliitwa Ningtyas. Kazi yake ilikuwa kuwatembeza wageni kwa miguu humo Kotagede, mji wa kale wa wafalme: sokoni, makaburini, msikitini, na vichochoroni. Kichochoro cha Mbah Atmo ndicho wageni walichokipenda, maana si kichochoro. Ni nyua za watu. Zamani wenye nyumba walikubaliana, kila mmoja akatoa kipande cha uwanja wake ili watu wapite. Hati hakuna, ni neno tu. Nyumba yake ni ya mwisho, na lango la mashariki ni la kwake. Hulifungua alfajiri, hulifunga saa tatu usiku, kama baba yake na babu yake. Anayepita hushuka kwenye baiskeli, huinama kidogo, huomba njia. Aliye ndani husema karibu. Basi.

Aliyekuwa akisema karibu ni mkewe. Sasa ni mwezi wa nane tangu afariki. Hitima ya siku ya tatu imesomwa, na ya saba, na ya arobaini, na ya mia. Mzee huketi kwenye kiti cha marehemu, husema karibu kwa sauti isiyofika langoni.

Shaka yake haikuota hewani. Baada ya tetemeko, mwaka ule nyumba zilipolala chini, walikuja watu wapole wenye mchele na mahema. Walizishika nguzo za watu, wakasikitika. Miezi miwili haikuisha, baraza ya jirani yake, Pak Karso, ikaondoka kwa malori matatu, kila mhimili na kila ubao umetiwa namba kwa chaki. Wanasema imesimama Bali, watu wanakula samaki ndani yake. Pak Karso akajenga chumba cha matofali na hakuonekana tena akiketi nje mpaka alipokufa. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka.

Tena kulikuwa na simu. Prapti, mwanawe pekee, anakaa mbali, Bekasi, hupiga kila Ijumaa. Zamani aliuliza kama baba amekula. Siku hizi huanza na nguzo. Ziko salama? Hazijaingia mchwa? Mzee alijibu ziko salama, akabaki na simu mkononi baada ya kukatwa. Tangu lini mtoto akaulizia nguzo kabla ya tumbo la baba yake?

Akaunganisha. Binti anaandika, Prapti anauliza.

Alimuuliza Bu Jumirah, jirani, anayepika vikeki vya kipo na kuvipeleka sokoni kila siku kwa njia hiyo hiyo.

"Yule binti ni wa nani?"

"Wa hapa hapa, Mbah. Mama yake alikuwa fundi cherehani."

"Anaandika."

"Sasa kuandika ni uchawi? Ungekwenda shule na wewe ungeandika."

Mzee akaliacha neno lipite. Alimshuku na Bu Jumirah kidogo.

Jumamosi iliyofuata alifungua lango alfajiri kama kawaida. Saa mbili na nusu akaliendea, akalifunga, akatia pingo. Mchana kweupe lango lile halikuwahi kufungwa, hata siku walipomtoa mkewe.

Hakuna aliyepiga kelele. Huko watu hawapigi kelele. Mtu alifika, akasimama, akakohoa, akageuka. Mwingine vivyo hivyo. Mzee alikaa nyuma ya lango juu ya kigoda akihesabu vikohozi. Bu Jumirah alikohoa mara mbili na sinia lake kiunoni.

"Mbah, umeamka?"

Kimya.

"Umekufa?"

Kimya.

"Kama umekufa sema, nisizunguke bure na mzigo."

Mzee akauma mdomo. Bu Jumirah akaenda zake kwa barabara kubwa, kandambili zikimlalamikia.

Saa tatu wakaja wale wa matembezi. Alizisikia nyayo, akasikia mgeni mmoja akitaka mlango ugongwe, mwenye nyumba apewe chochote afungue. Ningtyas akakataa. Aliwaeleza kwamba njia hii si ya serikali wala ya manispaa, ni ya wenyewe, na mwenyewe akiifunga ana yake moyoni, mtu hagongi. Mzee akasikiliza kwa makini. Maneno yalikuwa mazuri mno. Alijiambia, huyu anajua kama nipo hapa, ananiimbia.

Kisha binti akasema, kwa kuwa hawawezi kuingia, atawaeleza cha ndani. Kuna baraza yenye nguzo nne za msaji. Nguzo hizo zina majina. Ya kwanza ni Sumi, ya pili Tuginah, ya tatu Kasinem.

Mzee akakunja uso. Hayo yalikuwa majina ya shangazi za mkewe. Nguzo zake hazikuwa na majina. Alizaliwa chini yake, angejua.

"Na ya nne inaitwa Wagiyati."

Mbah Atmo akasimama. Kigoda kikaanguka.

Wagiyati alikuwa mtoto wao wa kwanza. Aliishi siku mbili. Ni miaka arobaini na minane. Prapti alizaliwa baadaye na hakuambiwa. Waliokuwepo wote wamekwisha kuzikwa. Jina lile lilibaki kwa watu wawili, na mmoja wao ndiye huyo aliyesimama nyuma ya lango. Nani kampa binti huyu jina la mwanawe?

Akavaa shati na kofia nyeusi, akatokea mlango wa jikoni, akawafuata.

Aliwafuata kwa nyuma, hatua kumi hivi, katika mji wake mwenyewe, kama mgeni. Wakisimama, anasimama. Ningtyas alimwona penye kona ya soko, akainamisha kichwa, akaendelea kusema. Mzee aliishuku hata ile heshima. Mbona hakushtuka?

Msikitini wageni walivua viatu. Mzee naye akavua. Jicho la mfua fedha limezoea vitu vidogo, na likanasa kitu kidogo. Viatu vya ngozi, vya kahawia, vya mtu mwenye uwezo, na kwenye mshono wa soli kumeingia unga. Akainama kama anayepanga kandambili zake. Akaufinya ule unga, akaunusa. Vumbi la msumeno. Msaji, tena mkongwe, wenye yale mafuta.

Akaingia kwenye baraza ya msikiti kumtafuta mwenye viatu. Hakutafuta sana. Wageni wengine walikuwa wanapiga picha. Mmoja, wa miaka hamsini hivi, mwenye kofia ya kitambaa, alikuwa ameegemea nguzo na kuichoma kwa ukucha wa dole gumba, polepole, huku anaangalia pengine. Mtalii hachomi nguzo kwa ukucha. Anayechoma ni anayetaka kujua kama kiini ni kizima.

Mzee akamsogelea. Yule hakumtambua. Anayekwenda kutazama nguzo hamtazami mzee aliyeketi chini yake kifua wazi.

"Pak anajua mbao," mzee akasema, akimwita bwana kwa unyenyekevu wote aliokuwa nao.

"Kidogo tu, Mbah."

"Sie wajinga, hatukusoma. Nasikia nguzo hii ndiyo nene kuliko zote hapa Kotagede."

Mtu akacheka. Sifa ni kilevi.

"Wapi, Mbah! Ile nyumba ya kichochoroni, iliyofungwa leo. Zile zinaizidi hii vidole viwili."

Ningtyas alikuwa katikati ya maneno. Akayakata.

"Vidole viwili," mzee akasema. "Umezipima lini?"

Yule akajikuna shingo. Akasema anapenda vitu vya kale, amekuja matembezi haya mara tatu kwa ajili hiyo, ni kosa? Ningtyas akasogea, akamwambia kwa sauti ya chini kwamba aliye mbele yake ndiye mwenye nyumba. Watu wote walikuwa wanatazama. Yule mtu uso ukamwiva, subira ikamwisha.

"Mimi sikuja bila kuitwa," akasema. "Waulize watu wako wa nyumbani, Mbah."

Mzee hakuuliza nani. Mtoto alikuwa mmoja.

Ningtyas alimwambia yule mtu kwamba matembezi yake yameishia hapo. Akasema kwa adabu, maneno laini, lakini hakurudia. Mtu akachukua viatu vyake, akatoka amevishika mkononi, hakuvivaa mpaka alipovuka uwanja. Mbah Atmo hakufurahi. Aliketi kwenye ngazi.

Wageni walipokwenda kunywa maji, alimwita binti.

"Nduk, mwanangu. Lile jina nani kakupa?"

"Bu Atmo mwenyewe, Mbah, mke wako."

Akaeleza. Alipokuwa anajifunza kazi alikuwa akija siku za kazi, Mbah yuko kwenye karakana. Bu Atmo alikuwa anafagia, na akifagia huziita nguzo kwa majina, anaziamkia, anaziambia zisogee. Akamfundisha na yeye, naye akawa anayaandika. La nne alimwambia alishike lakini asimuulize ni nani.

"Sikuuliza," binti akasema. "Mpaka leo sijui."

Mzee akautafuta uongo usoni mwake. Hakuuona. Akautafuta tena. Kisha akaomba kile kidaftari, akapewa, akakifungua. Alikishika juu chini. Binti aliona, hakukigeuza. Mzee akatazama ukurasa mmoja muda mrefu, akafunga, akarudisha.

Miaka arobaini na tisa alilala na mkewe chini ya paa moja. Naye kila asubuhi, mume akishatoka, alikuwa anamwamkia mtoto wao. Hakumwambia. Pengine aliona hatasikia, maana nyundo huua masikio. Pengine alingoja aulizwe. Hili mzee hakumwambia binti. Alisema tu jua limekuwa kali.

Njiani kurudi akamkumbuka Pak Karso. Wiki ile ya malori, Pak Karso alikuwa amefunga uwanja wake, akasema kuna ukarabati. Watu wakazunguka, hawakuuliza, kwa heshima. Walipopita tena, baraza haikuwepo. Mzee akasimama pale pale njiani. Nyumba inayopitwa na watu kutwa, nani atapanda juu ya paa lake kuivunja kwa siri? Na yeye asubuhi ile alikuwa amewafungia nje mashahidi wake mwenyewe.

Akafika, akatoa pingo, akafungua mbawa zote mbili. Bu Jumirah alikuwa anarudi na sinia tupu.

"Kumbe hukufa," akasema.

"Bado."

"Basi ungesema. Miguu hii siyo ya kukodi."

Ijumaa Prapti alipopiga, mzee hakungoja swali. Alimwambia aje Jumapili ya pili, saa tatu asubuhi, kuna kenduri, karamu ya dua. Kenduri ya nini, baba? Njoo tu. Prapti akasema atapanda treni ya usiku.

Siku ilipofika mikeka ilitandikwa barazani. Majirani wakaja, na imamu wa mtaa, na Ningtyas pamoja na wageni wake kumi na saba, maana mzee alimwambia asiwaache hata mmoja. Wali wa manjano ukawekwa katikati, wenye kilele, na kuku mzima. Dua ikasomwa. Huko neno likisemwa mbele ya watu waliokula wali wa dua, halina pa kurudi. Kila mtu anajua.

Prapti alikuwa amefika na treni ya usiku. Alikuwa anagawa chai. Mzee alingoja afike katikati ya watu na birika mkononi.

Hakusema mengi. Alisema nyumba hii haiuzwi, wala baraza yake, wala kipande. Alisema akifa yeye, njia ibaki njia. Akawaomba waliokula wawe mashahidi. Watu wakaitikia kwa pamoja. Wageni wasioelewa lugha nao wakaitikia, kwa kufuata.

Kisha akamgeukia mwanawe.

"Umesikia, Nduk?"

Prapti akaweka birika chini. Akapiga magoti mbele ya baba yake, akaunganisha viganja, akainamisha kichwa mpaka nywele zikagusa mkeka.

"Nimesikia, baba."

Alisema vizuri, kwa sauti ya chini, kama mama yake alivyomfundisha. Majirani wakaguswa. Bu Jumirah alifuta macho kwa ncha ya kitambaa.

Mbah Atmo alingoja mwanawe ainue uso amwone macho. Prapti alinyanyuka ameinamia birika, akaenda kumjazia imamu chai.