Funda la Kwanza la Prisca

Ni saa tano asubuhi, siku ya gulio Mkuyuni, na wateja wa Rehema Dominiko wamejaa kwenye mabenchi. Pombe ya mtama imeshachujwa na makopo yamejazwa, lakini hakuna anayegusa lake.

Wanasubiri mwenye pombe anywe. Desturi hiyo huitwa kutoa sumu: mpishi hupiga funda la kwanza mbele ya watu, ndipo wengine wanywe bila wasiwasi.

Rehema hanywi tena. Mwaka jana tumbo lilimvimba, macho yakageuka manjano, na daktari wa Morogoro mjini akamwambia ini limeharibika. "Alisema hata tone, mama, hata tone," anasimulia huku akifuta mikono kwenye kanga.

Aliwaeleza wateja. Siku hizo kulikuwa na maneno kwamba huko bondeni watu wamekufa kwa pombe. Walimsikiliza kwa adabu zote, kisha wakaaga mmoja mmoja. Pipa zima likachachia ndani.

Siku ya gulio iliyofuata bintiye Prisca, msichana wa miaka kumi na minane, alichukua kata. "Mama, nipe mimi nionje. Funda moja tu." Watu wakashangilia. Rehema naye, Mungu amsamehe, alifurahi, maana pipa moja humwachia kama shilingi elfu arobaini na nyumbani hakuna kingine.

Sasa kila gulio roho yake iko juu. Mumewe alikufa kwa pombe. "Baba yake naye alianza kwa kuonja tu, na mimi ndiye niliyekuwa nampimia," anasema kwa sauti ya chini, Prisca asisikie.

Ameamua mahindi yakivunwa kilabu atakifunga, ahamie kwenye kuuza magimbi Mwembesongo. "Nikifika huko mwanangu akiwa mzima, sitaki kingine."

Prisca anakuja na kata. "Shikamoo, babu Tomasi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Hebu tutolee sumu, koo limekauka."

Prisca anakunywa. Tomasi anatikisa kichwa kuridhika, makopo yanainuliwa, na mazungumzo yanahamia kwenye bei ya ndizi. Hakuna anayemtazama tena isipokuwa mama yake.

"Prisca, imetosha. Wameshaona."

Prisca amefumba macho. Kata bado iko mdomoni, na koo lake linaendelea kupanda na kushuka.