Kicheko Kilichokula Jina la Minna

Minna Lipkin alizaliwa Bronx, ghorofa ya tatu, mtoto wa pekee wa fundi wa makoti ya manyoya ambaye hakucheka hata siku ya harusi yake. Mama yake, Gittel, alicheka kwa niaba ya wote wawili na kusema kwa niaba ya mtaa mzima. Katika nyumba ya namna hiyo mtoto hujifunza mapema kwamba neno likichelewa nusu pumzi halichekeshi tena. Hakuna aliyemfundisha Minna jambo hilo, na hakuna aliyedhani kwamba ni kazi.

Mwaka 1949, akiwa na miaka ishirini na miwili, alipata kibarua cha kupiga taipu Manhattan, katika ofisi ya waandishi wa Hap Corrigan. Corrigan ndiye aliyekuwa mchekeshaji wa Jumamosi, kuanzia saa mbili usiku, saa nzima, moja kwa moja. Ukikosea, nchi nzima imekuona. Waandishi wake walikuwa wanne, wanaume watupu, na walifanya kazi kwa kupiga kelele. Mwenye mzaha husimama akauigiza; mkuu wao, Abe Lustgarten, akiupenda humnyooshea Minna kidole, na Minna huuchapa. Kilichomtia kiwewe wiki ya kwanza ni kwamba hakuna aliyecheka. Mtu angetoa kituko cha kuvunja mbavu, na Lustgarten, kwa uso wa mtu anayeshusha jeneza, angesema, "Hiyo inachekesha." Basi, wanaendelea. Minna alidhani wanachukiana. Ilimchukua mwezi kuelewa kwamba ile ndiyo sifa kubwa kuliko zote mle ndani, na kwamba anayecheka ni yule ambaye hakusikiliza vizuri.

Akaanza kuteleza. Mzaha ukisemwa kwa maneno kumi na mawili, yeye huchapa manane. Neno la kuchekesha likiwa katikati, yeye hulihamishia mwisho. Hakumwambia mtu. Wanaume wale walisoma karatasi kesho yake wakajiona wana vipaji kuliko walivyokumbuka.

Siku moja katika mazoezi Corrigan aliigiza mume anayerudi nyumbani alfajiri, mkewe mlangoni na mwiko. "Sijachelewa, mpenzi," akasema. "Nimewahi ya kesho." Lustgarten akasimamisha mazoezi.

"Nani katunga hiyo?"

Mikono mitatu ikainuka. Lustgarten aliitazama mmoja mmoja, kisha akageukia meza ndogo ya pembeni.

"Binti Lipkin, mashine yako inasemaje?"

"Iliteleza, bwana."

"Imeteleza mara ngapi tangu uje hapa?"

Minna alifikiria kudanganya, akaona hana nguvu. "Kila ukurasa."

"Vuta kiti," akasema Lustgarten. "Na nyie watatu, shusheni mikono, mnaaibisha."

Kiti alipata, jina hakupata. Majina ya waandishi yalipakwa rangi nyeupe kwenye utepe mrefu mweusi uliozungushwa kwenye ngoma ya mbao, na mwisho wa kipindi mtu aliizungusha taratibu mbele ya kamera. Kampuni ya unga iliyodhamini kipindi iliona majina manne yanatosha. Kampuni hiyohiyo ilikataza mkate usiungue kamwe katika igizo lolote, kwa hiyo ubishi haukuwa na faida. Minna akaandika miaka mitatu bila jina, na asiyeijua kazi ile atasema si kitu. Ni kitu. Inauma kila Jumamosi.

Iliuma zaidi Bronx. Gittel alikuwa amewatangazia wapangaji wote kwamba vichekesho vya Corrigan anaviandika binti yake, na wapangaji wote waliangalia televisheni kwa Bi Zuckerbrot, mjane wa ghorofa ya kwanza, aliyetangulia kuinunua. Huko kwa Bi Zuckerbrot palikuwa na sheria. Unafuta viatu mara mbili. Hucheki kwa nguvu, kwa sababu kelele zinachakaza taa za ndani ya mashine. Na wanaume hawakai na fulana, wanafunga vifungo vya shati hadi shingoni, kwa kuwa Bi Zuckerbrot aliamini kabisa kwamba wale wa kwenye kioo wanaiona sebule yake. Mtangazaji akisema "habari za jioni," alimjibu. Na hakuna kuondoka kabla majina hayajapita.

"Haya, hao," angesema, akiyahesabu kwa kidole. "Mwanaume, mwanaume, mwanaume, mwanaume. Minna wako yuko wapi, Gittel? Kajificha nyuma ya huyo wa tatu?"

"Watamweka."

"Watamweka wapi, jikoni? Siku hizi na mpika kahawa huandikwa jina?"

Gittel, mwanamke ambaye hata daktari hakuwahi kumnyamazisha, alipanda ngazi kimya. Jumapili Minna alipokuja kula, alimwambia waziwazi. "Sitaki hela zako, sitaki koti. Nataka jina lipite mara moja tu mbele ya yule mwanamke. Naitwa mwongo katika nyumba niliyokaa miaka thelathini, Minna." Akalia, na Minna hakuwahi kumwona akilia.

Majira ya kuchipua ya mwaka 1953 mmoja wa wanaume wale alihamia California, na Lustgarten akasema jina la Minna lingepakwa rangi wiki hiyohiyo. Ila alitaka igizo zima kutoka kwake peke yake. Minna alikaa siku mbili mbele ya karatasi tupu. Siku ya tatu akaandika alichokijua: mjane mwenye televisheni, majirani waliobanana kwenye makochi yake, na sheria zake. Alijua kabisa anamchokoza nani. Aliogopa, na akaendelea kuandika.

Jumamosi mchana alikwenda kuliona jina lake kwenye utepe. MINNA LIPKIN, la nne kutoka juu. Aligusa herufi ya mwisho, rangi ikamshika kidoleni.

"Sikiliza," Lustgarten akamwambia. "Igizo lako ndilo la mwisho. Likizidi hata nusu dakika, tangazo la unga linaingia na majina hayapiti. Shika saa, simama karibu na kamera. Mkizidi, mzungushie Corrigan kidole aharakishe."

Corrigan aliingia amevaa gauni na soksi nzito, na ukumbi ukaanza kutetemeka. Akawakagua majirani nyayo. Akamnyamazisha bwana mmoja, "Cheka taratibu, unaimaliza mashine." Kisha akamwona mwenzake mwenye fulana. "Funga vifungo, wewe, mtangazaji anakuona." Akasita. Akageuka polepole, akasogea hadi uso wake ukajaza kamera nzima, akawatazama Wamarekani wote majumbani mwao.

"Na wewe pia," akasema. "Wewe hapo kwenye kochi. Vaa shati."

Kicheko kilichofuata Minna hakuwahi kukisikia tena katika maisha yake. Kilipanda, kikatua, kikapanda upya. Alitazama saa: sekunde kumi, ishirini. Corrigan alibaki ameikodolea kamera bila kupepesa jicho, na kila alivyozidi kutulia watu walizidi kuangua. Ishirini na tano. Jicho moja la Corrigan likamtazama Minna, likiuliza. Akimzungushia kidole, Corrigan angesema mstari unaofuata juu ya kicheko kile na kukiua, na jina lingepita. Minna alimwona mama yake kwenye kochi la Bi Zuckerbrot, anasubiri.

Akatia mkono mfukoni.

Kicheko kiliendelea hadi kilipochoka chenyewe. Tangazo la unga likaingia, na yule mtu wa ngoma ya majina akaondoa mkono kwenye mpini. Lustgarten alipita, uso wa mazishi. "Hiyo inachekesha," akasema, na Minna akaingia nyuma ya pazia akalia.

Jumapili alipanda treni kwenda Bronx na mikate ya duara na samaki wa moshi, kama aendaye kuomba radhi. Hakufika ghorofa ya tatu. Mlango wa Bi Zuckerbrot ulikuwa wazi, wapangaji wamejaa, na Gittel amekaa katikati yao.

"Mama, nisamehe. Muda uliisha."

"Nyamaza kwanza," mama yake akasema. "Msikilize."

Bi Zuckerbrot alikuwa amesimama kando ya televisheni yake, amejaa hasira ya ushindi. "Miaka mitatu nawaambia hawa wanatuona, wananicheka. Jana si mmesikia wenyewe? Pinsky alikuwa na fulana, akaambiwa avae shati, akavaa. Pinsky, ulivaa, hukuvaa?"

"Nilivaa," akasema Pinsky.

"Sasa niambieni. Sheria za nyumba yangu nani kawapelekea huko ndani? Hao wanaume wanne wamewahi kufuta viatu kwenye mlango wangu?" Hakungoja jibu. "Ni huyu. Huyu ndiye anayeandika. Mama yake kawaambia, hamkuamini." Alivyolitupa kosa lile kwa wengine, huku akiwatazama kwa masikitiko, hakuna aliyethubutu kumkumbusha nani aliyeanza kubisha. Gittel aliinama, mabega yakimcheza, na Minna hakujua kama analia au anacheka mpaka alipomsikia.

Watu walipoanza kula samaki, Bi Zuckerbrot alimvuta Minna pembeni, akateremsha sauti. "Mimi si mjinga, binti. Lakini unanitoa mbele ya nchi nzima bila hereni?"

Minna aliandika vichekesho miaka ishirini na sita zaidi, na jina lake likapita mara nyingi. Mara ya kwanza ilikuwa Jumamosi iliyofuata, taratibu, la nne kutoka juu. Bronx hakuna aliyeliona. Igizo lilipokwisha, Bi Zuckerbrot aliizima televisheni ipumzike kabla majina hayajaanza, akasema wa kuthibitisha alishathibitisha. Hakuna aliyelalamika, hata Gittel.