Vazi Lisilo na Harufu

Siku ya kwanza nilifika kazini saa moja asubuhi, na mlango wa wafanyakazi unafunguliwa saa tatu. Marehemu mume wangu alinishusha pale, akageuza gari kurudi kwetu Al Amerat, nami nikakaa kwenye ngazi za nyumba ya opera na mkoba wangu wa sindano. Nilikwisha washonea maharusi wa mji wa Sib miaka ishirini. Sikuona kwamba kuna mtu wa kunifundisha nguo.

Mkuu wa Mavazi alinikuta pale pale. Alikuwa Mreno, mwanamke mrefu aliyezeekea majumba ya opera ya Ulaya kabla ya kuletwa Maskati. Hakuniuliza nimewahi kushona nini. Alinipa koti la mahameli, akaniambia nilinuse.

"Unasikia nini?"

"Sisikii kitu."

"Basi ndiyo kazi yako hiyo. Vazi la jukwaani halina harufu. Si jasho, si sabuni, si uturi. Mwimbaji anaishi kwa pumzi."

Nikaitikia. Kuitikia rahisi.

Wanangu mnaoanza kazi hii, watu wakisikia "mvalishaji" hudhani ni kumfungia mtu zipu. Thubutu. Mvalishaji humvua mtu gauni la vifungo thelathini na kumvisha jengine nyuma ya pazia, kizani, huku okestra inapiga na haimngoji mtu. Kwa hivyo vifungo vile ni vya uongo, vimeshonewa juu tu, na chini yake mna kulabu. Koseti nayo, ile nguo ngumu ya kukaza kiuno, humfungi mwimbaji mpaka umwambie avute pumzi yote aliyonayo. Unafunga mbavu zikiwa zimefunguka. Ukimfunga zikiwa zimelala, ataonekana mzuri na hataimba. Na mishononi mwache akiba ya kitambaa, kwani vazi huvaliwa na watu kumi kabla halijatupwa.

Haya niliyajua vizuri kufikia msimu wa tatu, ndipo alipokuja Bi Doreen.

Bi Doreen alikuwa Mmarekani, mwenye sauti ya mezo. Sauti za kike ziko tatu: soprano juu, kontralto chini kabisa, na mezo katikati. Soprano ndiye anayependwa, halafu anakufa, watu wanalia. Mezo hupewa wavulana, mama za wafalme, wachawi na mayaya. Mwenyewe alinieleza hayo nikimpima mabega, anacheka. Alizaliwa mji mdogo, akaimba kanisani, akasomesha watoto miaka kumi na miwili kabla ya mtu wa maana kumsikia.

"Nimechelewa, Bi Zuwena," aliniambia. "Lakini sauti ya mezo huiva taratibu. Nami nikaivia darasani."

Alikuwa amefika miaka arubaini na mbili, na kwetu alikuja kuigiza kijana wa miaka kumi na saba, mtumishi wa nyumba ya bwana mkubwa. Suruali, soksi ndefu, koti la mahameli la buluu. Usiku wa kwanza angekuja mkurugenzi wa jumba kubwa la Ulaya kumsikiliza. Akimridhia, atampa nafasi ya mama wa mfalme, na mezo akishapewa mama wa mfalme, anatoka kwenye suruali. Asiporidhia, kwa umri ule, atarudi darasani. Aliniambia hivyo hivyo, bila kujihurumia, nami nikampenda.

Na mapenzi ndiyo yaliyonitia balaani.

Kwetu nguo haitoki nyumbani kwenda shereheni bila udi. Mama yangu alipohama Unguja alibeba vitu vichache, na chetezo chake cha udongo kilikuwamo. Nimewafukizia maharusi wote niliowashonea. Basi siku ya zoezi la mwisho, lile la mavazi kamili na okestra, nilileta chetezo kile kazini, nikaenda uani nyuma ya chumba cha kufulia, nikalitandaza koti juu ya kiti cha miti na udi chini yake, nikalifukiza mpaka likakolea. Ile kanuni ya harufu niliijua. Lakini kwangu mie udi si harufu, ni heshima. Harufu ni jasho na samli.

Koti lilikuwa zito, na taa za jukwaani zina moto. Lilipopata joto likaanza kuutoa udi wote lilioumeza. Bi Doreen aliimba mstari wa kwanza. Wa pili ukamkwama, akakohoa, akashika koo, akakohoa tena mpaka okestra ikanyamaza. Daktari akasema nyuzi za sauti zimevimba. Asiseme hata neno mpaka usiku wa kwanza. Zilibaki siku mbili.

Mie nilijua papo hapo. Wengine hawakujua, kwa sababu jengo zima lilinukia udi. Kila mlango wa wageni una chetezo. Nani atalinusa koti?

Meneja wa Jukwaa akatafuta sababu, akaipata kwa Harriet, Mganda aliyesafisha vyumba vya waimbaji. Asubuhi ile alipuliza dawa ya usafi chumbani kwa Bi Doreen. Akaandikiwa kurudishwa kwa wakala aliyemleta. Nilimkuta chumba cha kufulia, amekaa juu ya ndoo iliyopinduliwa.

"Madam Zuwena, mimi nilipuliza dawa ya kila siku," aliniambia. "Wakinirudisha maktab, ile ofisi ya wakala, watanipandisha ndege tu. Niko na watoto wawili Masaka. Wewe mkubwa, niongelee."

Nilikuwa nna khofu, nasema kweli. Nilikuwa nna cheo kidogo, mume anaumwa, na jina langu Sib nzima ni jina la fundi. Nilimtazama yule mwanamke juu ya ndoo, nikaona haya ambazo sijapata kuziona. Nikatoka moja kwa moja kwa Mkuu wa Mavazi.

"Koti nimelifukiza mie," nikamwambia. "Dawa ya Harriet haina kosa."

Alikwenda penye mavazi. Akaliteremsha koti, akaliweka puani, akafumba macho.

"Siku ya kwanza nilikwambia nini?"

"Uliniambia."

"Sema."

"Vazi la jukwaani halina harufu."

"Twende ukamwambie mwenyewe."

Bi Doreen alikuwa kitandani na kitambaa shingoni. Nilisema yote nimesimama. Hakuruhusiwa kutoa sauti, basi akachukua karatasi akaandika, akampa Mkuu wa Mavazi, naye akanisomea: "Anasema, harufu itolewe kotini. Na atakayemvalisha ni wewe, si mwengine. Anasema aliyekiri hili, hata akikosea kufunga koseti atamwambia."

Mahameli hayafuliwi. Nilifumua bitana yote, nikashona mpya. Nikaipitisha mvuke sehemu ya nje, kipande kwa kipande. Harriet, ambaye barua yake ya kurudishwa ilichanwa mbele yangu, alinitazama kwanza kama mtu anayetaka kunizaba kofi, na alikuwa na haki. Kisha akalichukua koti akalipandisha paani kwenye jua na upepo, na kila saa akaenda kuligeuza. Siku moja na nusu. Mwisho Mkuu wa Mavazi akalinusa, akanirudishia.

"Sisikii kitu," akasema.

Usiku wa kwanza nilisimama pembeni mwa jukwaa na sindano yangu kifuani. Bi Doreen akavuta pumzi. Mstari wa kwanza ukatoka. Ule wa pili, nilimshika mkono Harriet aliyekuwa kando yangu, nikamuumiza. Ukatoka, mpana, mzima, ukapanda mpaka viti vya juu kabisa. Nililia kama mama wa bwana harusi, na sikujali nani ananiona.

Mkurugenzi wa Ulaya alimpa ile nafasi ya mama wa mfalme. Mie nilipewa barua ya onyo, na msimu ulipokwisha nikatiwa chumba cha pasi mwaka mzima. Sikulalamika. Kwenye pasi ndiko nilikojifunza vitambaa; mtu ambaye hajapiga pasi hariri asiniambie anaijua. Nikarudi kuvalisha, nikawa Naibu, na Mreno wetu alipoondoka, kiti chake nikakikalia mie. Kila mgeni wa kazi nilimpa koti anuse. Harriet alinusishwa kama wengine, nilipomhamishia kwetu kutoka usafi. Sasa ndiye anayejua kufunga koseti kuliko sote, hata mie.

Bi Doreen alirudi mara mbili. Mara ya kwanza kwa taji na joho refu, mama wa mfalme, sauti imeiva kama alivyosema. Mara ya mwisho alikuja kuigiza yaya mzee: kilemba, shali, na kurasa mbili tu za kuimba.

"Walinipa suruali, wakanipa taji, sasa kilemba," aliniambia nikimfunga. "Hiyo ndiyo kazi yangu yote, Bi Zuwena, na yote umeifunga wewe."

Alikuwa amekwisha tangaza kwamba onyesho lile ndilo la mwisho. Siku ya pili yake nikamwalika nyumbani Al Amerat, saa za alasiri. Akala halua, akanywa kahawa, akacheka na wajukuu wangu. Kisha akaniuliza, "Kile chetezo bado unacho?"

"Nnacho. Lakini koo lako?"

"Koo langu sasa ni la kunywea chai tu. Lete."

Nikakileta, chetezo kile kile cha mama. Akavua shali lake akalishika juu ya moshi, akainamisha uso, akavuta pumzi ya mbavu wazi, kama nilivyokuwa nikimfunga. Akakohoa mpaka machozi, na kati ya kikohozi akawa anacheka.

"Nimeisubiri hii miaka mingi," akasema. "Huku kwenu udi ukiletwa mwisho wa ziara, maana yake nini?"

"Maana yake mgeni ameheshimiwa, na sasa aage," nikamwambia. "Baada ya udi hakuna kukaa."

Alinitazama. Alijua kwamba umri wangu wa kustaafu umekwisha pita, na kwamba kila mwaka naomba niongezewe mmoja. Akakisogeza chetezo taratibu mpaka mbele ya magoti yangu.

"Basi na wewe, Bi Zuwena," akasema.

Nikainua ushungi wangu, nikajifukiza.