Hawapungui Arobaini

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo sijaisahau ingawa nimesahau mengi. Nilikuwa bibi mifugo Kilosa, msichana mbichi kutoka chuoni. Ilikuwa miaka ile soko huria lilipoingia. Dawa za mifugo za serikali zilikoma kuja, maduka ya watu binafsi yakafunguliwa mjini, na mfugaji aliyetaka chanjo alimtuma mtu akamnunulie. Mara nyingi mtu huyo nilikuwa mimi.

Mzee Saning'o, mfugaji wa upande wa Mikumi, alikuja ofisini. Chambavu ilikuwa imeingia kwa jirani yake, na ugonjwa huo huua hasa ng'ombe vijana kwa siku moja au mbili tu. Nilimpa shikamoo, akaitikia, nikamwuliza ana ng'ombe wangapi. Swali la kitoto hilo. Wazee wa kwao hawataji idadi ya ng'ombe, wanaona ni kuwaitia balaa. Akanijibu kwa njia yake.

"Hawapungui arobaini," alisema. "Ila wakizidi sabini zizi langu halifungiki, na jana nimelifunga."

Nikaandika daftarini: ng'ombe = 40. Shuleni nilisifiwa kwa hesabu, kwa hiyo sikuona sababu ya kurudia. Mzee ambaye hakuwahi kukaa darasani alikuwa amenipa mwisho wa chini na mwisho wa juu, mimi mwenye cheti nikaandika nusu, na hata hiyo nusu nikaikosea.

Nilinunua dozi arobaini katika duka moja la mjini, nikazitia kwenye thamosi yenye barafu, nikapanda basi. Asubuhi tukaanza kuchanja. Pale bomani kuna utaratibu: wanatangulia ng'ombe wa mzee, wanafuata wa mke mkubwa, na wa mwisho ni wa Nasieku, mjane wa mwanawe. Dawa ilikwisha wakiwa wamebaki kumi na wanane. Niliwahesabu kimoyomoyo, sikuthubutu kuwataja. Wote walikuwa wa Nasieku.

Niliporudi na dawa, siku tatu baadaye, mitamba wake wawili walikuwa wamekufa. Mmoja alikaribia kuzaa, na watoto wa Nasieku walikuwa wakiyangojea maziwa yake.

Nasieku hakupiga kelele. Aliniuliza tu, "Dada, baba hakukwambia?"

"Aliniambia."

"Sasa?"

Nikalifungua daftari: ng'ombe = 40. Mzee Saning'o akasema, "Nilikutajia wanapoishia. Hukuandika." Kisha akaenda kuwafungulia ng'ombe. Niliona aibu, mwanangu, na mpaka leo naiona.

Najua hesabu hizi za kutolingana zinakuchosha. Unasoma swali la maneno, unaiona namba, unaikimbilia na kuweka alama ya sawa. Usifanye hivyo. Mtu akisema "hawapungui arobaini", ng'ombe tukiwaita n, andika n ≥ 40. Akisema "hawazidi sabini", andika n ≤ 70. Ziandike zote mbili kabla hujakokotoa chochote, hata kama moja unaiona ni maneno ya kupitisha muda. Watu wengi hawakupi namba kamili. Wengine hawaijui, wengine mila inawazuia, na wengine wanakuficha tu. Wanachokupa ni mipaka.

Ukishaandika, jiulize ukikosea ataumia nani. Mimi ningenunua dozi sabini, zingebaki kumi na mbili za kumwaga, na mzee angenung'unika kidogo kuhusu gharama. Lakini ukiwa unapakia mahindi kwenye gari la kwenda Kisanga, hatari ni kuzidisha, si kupungukiwa: shika mpaka wa juu wa mzigo na usiuvuke, hata mwenye mali akikubembeleza. Kila jambo lina upande wake wa hatari, na upande huo utaujua kwa kumsikiliza mwenye jambo mpaka amalize.

Mungu akupe subira ya kusikia sentensi nzima. Akuepushe na siku ya kuulizwa "Sasa?" na mtu aliyekuamini, nawe huna la kumjibu. Amina.