Niliwaacha Watu wa Kambi Nikapanda Mlimani na Wageni

Mimi ni mjinga, tena si mjinga wa kuzaliwa. Ujinga wangu niliutafuta mwenyewe, nikauvaa kama suti na kutembea nao Old Town ya Lilongwe kifua mbele. Kwa hiyo wewe unayesoma, tafadhali usinihurumie. Nicheke tu, halafu unisikilize.

Kwetu ni Bukavu. Nilipofika Malawi niliishi Dzaleka, kambi ya wakimbizi, kama wenzangu wote, kisha nikapata kazi ya kuuza vitambaa kwenye duka la jumla Lilongwe, nikahamia mtaa wa Nsungwi. Chumba kimoja, kitanda na feni. Basi, jamani, mtu mwenye feni! Nikaanza kuwaita waliobaki kambini "watu wa foleni". Nilisema hivyo mbele ya wateja na kucheka, kana kwamba mimi sikuwahi kusimama kwenye foleni ile ile na gunia langu mkononi.

Na mchumba wangu alikuwa huko huko kambini! Anaitwa Furaha, fundi cherehani, mpole wa maneno lakini macho yake hayapitwi na kitu. Wazazi wao walishafariki, kwa hiyo mkubwa wa familia ni kaka yake, Bahati, kinyozi. Nilimwendea kuomba siku ya kujulisha, ile siku watu wangu wangekwenda kwao kujitambulisha na kusema tumekuja kuoa. Hakuniuliza habari za kazi wala za kanisa. Alikuwa anacheza mchezo kwenye simu yake yenye kioo kilichopasuka.

"Beau," akaniambia, yaani shemeji, bila kuinua kichwa, "mi sina baba wa kukupima. Kuja tucheze na we. Nitaona vile unaishi na bantu. Tukiua ile zimwi, njo siku tutaita bamama tupange mambo ya kujulisha."

Nilidhani anatania. Kinyozi wa kambini anipime mimi, tena kwa mchezo wa simu!

Mchezo wenyewe uko hivi. Mnatupwa porini mikono mitupu. Mnakata miti, mnachimba chuma, mnawinda, mnapika, mnajenga. Mkishakusanya vitu vingi sana, mnafua ufunguo wa kufungulia lango lililo juu ya mlima wa barafu, na nyuma ya lango ndipo linapokaa zimwi la mwisho. Ufunguo unafungua mara moja tu. Mkishindwa, basi, mnasubiri msimu ujao, pori linafutwa na mnaanza tena na mikono mitupu.

Tulikuwa wanne: Bahati, Furaha, mimi, na Mama Aline, Mrundi anayekaanga mandazi karibu na kibanda cha kinyozi. Jeshi gani hilo! Mama Aline alichimba chuma huku anakaanga, na kipaza sauti chake hakikuzimwa hata siku moja. Tunavizia mbwa mwitu, tunasikia mafuta yanachemka na mteja anaomba mandazi ya moto. Mtandao wa Bahati ulikuwa unakatika, anabaki amesimama kama mlingoti huku simba anamtafuna. Nilicheka mpaka machozi, na si kicheko cha upendo.

Kilichonichosha zaidi ni ugawaji wao. Kila walichopata walikigawa kwa kichwa, kama siku ya mgao kambini. Nyama kidogo, inagawiwa kwa kichwa. Dawa, kwa kichwa. Hata mtu ambaye simu yake imezima na hakuonekana siku hiyo, fungu lake linawekwa pembeni na halina wa kuligusa. Niliwaambia huo ni ushamba, kwamba kwenye vita mwenye nguvu ndiye anayelishwa.

"Zimwi inapuliza baridi," Furaha akanijibu. "Yule anakosa chakula anaanguka wa kwanza. Mi nitapika supu, nitakimbia kwa kila mutu. Hakuna mwenye atabaki."

Alikuwa ameshafanya utafiti wake, alijua. Alitushonea pia makoti ya manyoya ya kuzuia baridi, na la kwanza alinipa mimi. Ndani ya mchezo, ndiyo, lakini manyoya yale aliyawinda siku nyingi akiwa amekaa nyuma ya cherehani yake.

Kwa sababu mtandao wa dukani haukukatika, ghala letu na ufunguo walivikabidhi kwangu. Mimi! Wakapanga kupanda mlimani Jumapili baada ya ibada. Bahati akasema bamama wataitwa siku hiyo hiyo, tuue zimwi halafu tuzungumze ya kuoa.

Hapo ndipo, humo humo mchezoni, nilipokutana na wale wageni. Sijui ni watu wa nchi gani. Walikuwa na mavazi ya chuma, silaha zinazong'aa, na Kiingereza cha kwenye televisheni. Wakaliona ghala letu, wakanisifu. Wakaniuliza kwa nini mtu kama mimi nacheza na watu wanaokatikakatika, kwamba watu hao wataniua. Neno hilo, "mtu kama mimi", lilinilewesha! Sikuwahi kuambiwa hivyo na mtu yeyote, hata na tajiri wangu dukani.

Nikawafungulia ghala. Nikawapa supu ya Furaha, mikuki ya Bahati na chuma cha Mama Aline. Jumamosi mchana, tajiri alipotoka, nikaingia stoo, nikajibanza katikati ya marobota ya vitambaa vya chitenje, nikapanda mlimani na wageni. Moyoni nilikuwa nimeshatunga hotuba. Jumapili nitawaonyesha watu wa foleni kichwa cha zimwi na kuwaambia: mmeona kazi ya mwanaume? Nilidhani Bahati atafurahi.

Lango likafunguka. Zimwi likapuliza. Lo!

Nguvu zilianza kuniisha hapo hapo. Nikaita supu. Wageni walikuwa wanakunywa, nawaona, supu ya mchumba wangu wanainywa mbele ya macho yangu. Nikaita tena. Nilikuwa nimeshapiga magoti, mmoja akaniruka, akacheka kwenye kipaza sauti. Nikaanguka kifudifudi kwenye theluji na koti langu zuri, huku wao wakilimaliza zimwi kwa mikuki ya Bahati. Wakachukua zawadi zote, wakarudi ghalani wakafagia kilichobaki, wakaondoka bila hata kwaheri. Mimi nimekaa juu ya robota, mwanaume mzima, nalia kwa sauti.

Unadhani nilipiga simu kambini kuomba msamaha? Nani, mimi? Nilikaa nikatunga uongo.

Jumapili nikavaa shati la kanisani, nikapanda basi dogo, nikashuka njia panda na kuchukua kabaza. Njia nzima nyuma ya baiskeli nilifanya mazoezi ya sura ya huzuni.

Nilichokikuta kwa Bahati sitakisahau. Kibanda cha kinyozi kilikuwa kimefungwa na mabenchi yamepangwa kivulini. Simu zote zimejaa chaji, kwa sababu walikwenda kumwazima mchungaji sola yake. Mama Aline hakukaanga siku hiyo, alifunga biashara yake kwa ajili ya vita. Bamama wa familia wamekaa na vitenge vipya, kreti ya Fanta iko pembeni, sufuria ya sombe, majani ya muhogo, iko motoni. Furaha alikuwa amesukwa nywele. Akanitazama, akacheka kwa furaha, na mimi bado nikafungua mdomo wangu mchafu.

"Tumeibiwa," nikasema. "Wezi wamevunja ghala usiku. Wamechukua na ufunguo."

Laiti wangenitukana! Mama Aline alishika kichwa.

"Yoo! Pole mwana wanje," akasema. "Usilie. Msimu ingine tutachimba tena."

Bahati akanishika bega. "Beau, si kosa yako. Bezi biko kila mahali. Leo haiharibiki, bamama biko hapa, tutaongea tu ile yetu."

Ukaona? Nilikuwa nimeshapona! Watu wa foleni walikuwa wananisamehe kabla sijaomba, na mimi ndani ya roho nikawadharau hata kwa hilo. Nikajisemea kimoyomoyo, ona wanavyodanganyika kirahisi.

Lakini Furaha alikuwa ameshika simu yake. Alikuwa anatembea ndani ya mchezo. Akapita ghala tupu hakusimama. Akapanda mlima. Bahati akaja kuchungulia begani kwake, Mama Aline akaja, bamama nao wakainuka. Katika mchezo ule, mtu akifa mwili wake unabaki pale pale alipoangukia, jina lake likiwa juu, mpaka msimu uishe. Nilikuwa nalijua hilo! Nilikuwa nalijua, na kwa dharau yangu sikufikiri kwamba kuna mtu wa kambini atakayepanda kuangalia.

Lango lilikuwa wazi. Mbele yake mtu amelala kifudifudi, amevaa koti la manyoya, na jina langu lote linaelea juu yake.

"Huyu si we?" Furaha akauliza.

Akainama kwenye mchezo, akavua koti kwenye maiti yangu. Akamgeukia Mama Aline.

"Mama, fungua mfuko yako, nikupe. Yako ilichakaa."

Hakuniambia neno lingine siku hiyo, wala mpaka leo. Aliinuka akaingia ndani.

Nikasubiri Bahati anipige. Hakunipiga. Chakula kilikuwa tayari, wakaanza kupakua, bugali, sombe na samaki, kwa kichwa kama kawaida yao. Na mimi nikaletewa sahani! Sawasawa na za wengine, samaki wangu hakuwa mdogo kuliko wa Bahati.

"Kula kwanza," akasema.

Nikala. Nilikuwa na njaa, na aibu yangu haikutosha kunizuia. Nilipomaliza, Bahati akachukua sahani yangu na kunitazama usoni. Tangu siku ya kwanza alikuwa akiniita beau.

"Monsieur," akaniambia, kama anayemwita mgeni, "kabaza iko pale kwa barabara. Ukichelewa utakosa gari ya Lilongwe."

Bamama wakakunja vitenge vyao. Habari ya kujulisha ikaishia hapo, na Fanta walikunywa watoto.

Msimu uliofuata walianza tena, na mahali pangu wakamchukua fundi baiskeli wa jirani. Nilikuwa nikiingia kwenye mchezo kwa jina jingine na kuwatazama kwa mbali, kama mwizi. Mtandao unakatika, mafuta yanachemka, wanagawana kwa kichwa. Waliliua zimwi. Nilimsikia Mama Aline akipiga vigelegele, na mteja wake akiuliza kumetokea nini. Furaha alikuwa anakimbia kutoka kwa mtu mmoja hadi mwingine na supu yake, na hakuna aliyeanguka.

Furaha hajaolewa bado. Usifikiri hiyo ni nafasi yangu, nilishawatuma watu na hawakufunguliwa mlango.

Sasa wewe kijana uliyepata kachumba mjini, unayewacheka uliokula nao jana, nakuambia bila kukupamba: wewe ni mimi. Wale wageni unaowahangaikia watakunywa supu yako na kukuruka ukiwa chini. Nenda nyumbani mapema, ungali unaitwa shemeji. Mimi feni yangu bado inazunguka hapa Nsungwi, na nikila, napakua sahani moja.